Afrikan vayoleti za maua ya rangi na majani ya mabaka: vile mie nazichagua hapa Mombasa

Kila nikiweka picha ya vayoleti zangu stetasi lazima watu watatu wanne waje inboksi na swali lile lile, hiyo ya majani meupe umeitoa wapi na mie naitaka. Nimejibu mpaka nimechoka, na pia nimeona kumwambia mtu "nilinunua mahali fulani" hakumsaidii kitu, manake waeza kununua ile ile, kwa mkono ule ule, ukaiweka kwako Kisauni na baada ya miezi minne majani yote yakawa kijani tupu na maua yakatoka rangi siyo uliyoiona. Hapo wengi walaumu muuzaji au walaumu mkono wao, na hakuna aliyekosea. Hizi vayoleti za rangi rangi nyingi zimezalishwa na kupigwa picha kwa nchi za baridi, na sisi tuko Mombasa. Kwa hivyo nitaeleza vile mtu wa pwani achague, kwa joto letu hili na maji yetu haya.

Jina lake la kitaalamu ni Saintpaulia, ingawa sikuizi wataalamu wameihamishia kwa jenasi ya Streptocarpus, lakini watu bado waita Saintpaulia au vayoleti tu. Wengi wadhani ni ua la Wazungu. Kwao ni huku huku kwetu jamani! Ziko Usambara upande wa Tanga, ziko Taita kwa msitu wa Mbololo, ziko Kilifi kule Mwarakaya zaota kwa majabali ya chokaa penye kivuli. Mwaka 1892 afisa mmoja wa Kijerumani aliyekuwa Tanga, Walter von Saint Paul-Illaire, alizipeleka kwa babake Ujerumani, na 1893 mtaalamu wa mimea Hermann Wendland akazipa jina Saintpaulia ionantha. Zile za porini ni ua la zambarau inayoelekea bluu, petali tano, jani la kijani basi. Hizi pinki, nyeupe, za mistari, na haya majani ya mabaka, yote yalikuja baadaye baada ya watu kuzichanganya na kuchagua, Los Angeles kampuni ya Armacost na Royston ilitoa aina kumi mwaka 1927 na moja wapo ilikuwa 'Blue Boy', ambayo mpaka leo watu wa vayoleti waitaja. (Na tafadhali, ukienda kutembea Mwarakaya zitizame tu uziache pale kwa jiwe, za porini zimebaki chache mno na zile si za kung'olewa.)

Nimeanza na hiyo historia kwa sababu yaeleza tabia. Huu ni mmea wa jabali la kivuli, unyevu mwingi, mwanga mpole, joto la kadiri. Unyevu tunao tena wa kugawa. Shida yetu ni joto. Vayoleti yapenda kama digrii 18 hadi 27, na sisi kaskazi ikikaza mwezi wa pili na wa tatu mchana yafika 32, 33, na usiku haishuki vya kutosha.

Sasa majani. Wauzaji wote waita "variegeti" kana kwamba ni kitu kimoja, mie nayaita ya mabaka, lakini kuna aina tatu na ukizijua umemaliza nusu ya kazi. Ya kwanza ndiyo ile imeenea zaidi, weupe au krimu au pinki umekaa ukingoni mwa jani waingia ndani kidogo kidogo kama maji yanavyoingia kwa karatasi, hii yaitwa Tommie Lou kwa jina la vayoleti ya zamani iliyokuwa hivyo. Ya pili ni mozaiki, weupe umetawanyika katikati ya jani kama mtu amerusha unga. Hiyo huipati kirahisi. Ya tatu ni ya taji, yaani majani machanga ya katikati kabisa yatoka manjano au pinki au rangi ya ndimu, halafu jani likikua lageuka kijani, kwa hivyo mmea mzima waonekana kama umewekwa taa katikati. Mtu akinunua ya taji bila kujua hulalamika baada ya mwezi kwamba majani yameharibika rangi, kumbe ndivyo yalivyo, yale ya nje yatakuwa kijani siku zote na ya ndani ndiyo yenye rangi.

Hii Tommie Lou ndiyo wengi wetu tutaipata, na hii ndiyo joto laichezea. Baridi kidogo, weupe waongezeka. Joto, kijani chala weupe. Nina moja iko dirishani chumba cha nyuma, nilinunua mwezi wa nane kusi ikivuma, na wakati huo ilikuwa nyeupe ukingoni, pana, ya kupendeza mno. Mwezi wa pili majani mapya yakawa yatoka kijani, halafu kijani zaidi, mpaka nikadhani imekufa ile rangi. Sikuitupa. Mwezi wa saba siku moja nainyweshea nikaitizama kutoka juu nikaona: majani ya chini kabisa, yale ya zamani, meupe ukingoni, duara la katikati kijani tupu, na ndani kabisa yale madogo ya manyoya ambayo hata hayajakunjuka, meupe tena na pinki kidogo. Mwaka mzima wa Mombasa umeandikwa kwa duara, kusi, kaskazi, kusi. Tangu siku hiyo sisomi tena jani la nje nikinunua, nasoma la ndani.

Na hapa ndipo penye siri ya kununua. Vayoleti nyingi tunazouziwa hapa zimekuzwa bara kwenye hewa ya baridi, zashuka na gari, zafika zimependeza. Yale majani makubwa meupe unayoyaona yalitoka kule, hayakuambii kitu kuhusu Mombasa. Ukifika kwa muuza miche uliza kwanza imekuja lini. Kijana akikwambia "dada hii ni freshi imeshuka juzi kutoka bara", yeye adhani anakusifia mali, lakini wewe jua hiyo bado haijaonja joto letu. Mie humwambia basi kaka niwekee pembeni, nitarudi mwisho wa mwezi. Ikishakaa kwake wiki nne tano chini ya neti, majani machanga ya katikati yatakuwa yamezaliwa hapa hapa, hayo ndiyo ya kutizama. Yakiwa bado na weupe, lipa uondoke nayo. Yakiwa kijani na wewe wataka mabaka, ngojea nyingine.

Kwa hivyo kwa Tommie Lou ukiwa pwani chagua ile ambayo machoni mwako imezidi weupe, ile ambayo mtu wa Limuru kwenye baridi angeiogopa. Joto letu litaipunguza ifike pazuri. Ile yenye uzi mwembamba tu wa weupe ukingoni kwetu itapotea yote ikifika kaskazi. Lakini kuna mpaka, ikiwa jani zima ni jeupe pe na kijani hakionekani kabisa usinunue, jani ndilo jiko la mmea na kijani ndicho moto wake, hiyo itadumaa haitoi ua.

Msimu mzuri wa kununua kwa maoni yangu ni Machi. Najua maua wakati huo huwa machache na mimea imechoka, na kwa sababu hiyo hiyo wengi hawanunui, lakini ile iliyofika Machi hapa Mombasa ikiwa bado na mabaka yake, hiyo imeshafaulu mtihani mgumu kuliko yote na kusi ikiingia utaona raha.

Twende kwa maua. Mama zetu wapanda asumini na mrehani kwa harufu, sasa vayoleti haina harufu, yote yake ni ya macho, kwa hivyo rangi yataka uichague kwa makini. Anza kwa kujua ambacho hakipo. Nyekundu kama bendera haipo, wanayoiita nyekundu ni ya damu ya mzee au ya cheri. Manjano ya embe bivu haipo, zilizopo ni krimu inayoelekea ndimu na hufifia ua likizeeka. Bluu ya anga safi kabisa pia haipo, yote ina zambarau ndani yake. Nimelisema hili kwa uchungu manake niliwahi kununua onlaini pakiti ya mbegu za "vayoleti za upinde wa mvua", picha ilikuwa na petali saba kila moja rangi yake. Zilikuja mbegu ngumu kama pojo. Mbegu ya vayoleti ni vumbi, ukipiga chafya imekwenda, na hata zikiwa za kweli aina yenye jina haitoki kwa mbegu ikafanana na mamake. Usinunue mbegu, nunua mmea au jani.

Rangi zinazostahimili kwetu ni zile nzito za rangi moja, zambarau iliyokolea, mvinyo, pinki kali. Zenye ukingo mweupe kwa petali, waziita Jeniva, ni nzuri ajabu lakini joto laweza kuupunguza ule ukingo mpaka ukauona uzi tu, na kuna mwezi hauoni kitu. Zile za madoa na mchirizi kwa petali kama mtu amenyunyiza wino, hizo waziita fantasi, nazo mara nyingine ua moja latoka na madoa na jingine limesahau. Mie nazipenda hivyo hivyo. Kama wewe ni mtu wa kutaka kila ua lifanane chukua rangi moja.

Halafu kuna kimera, ya mistari kama feni, katikati ya kila petali mstari wa rangi nyingine kutoka kitovuni hadi ncha. Hizi ndizo za bei ghali na hapa ndipo watu waibiwa. Kimera ni mmea wenye tishu za aina mbili zimekaa pamoja, ukikata jani ukalipanda utapata mtoto wa rangi moja tu, ile mistari huipati. Yazaa kwa chipukizi za pembeni au kwa kikonyo cha ua, basi. Kwa hivyo mtu akikuuzia jani la kimera na akakuahidi mistari, mrudishie jani lake.

Maua ya petali nyingi yaliyojaa kama waridi yakaa muda mrefu kwa mmea, na hilo ni zuri, ila kwa unyevu wa Mombasa yale yaliyoshonana sana hushika maji ndani na kuota ukungu hasa masika. Ukiwa na nyumba yenye upepo chukua, ukiwa na chumba kimefungwa chukua ya safu moja ya petali au iliyojaa nusu tu. Na linganisha ua na jani! Watu hulisahau hili. Ua jeupe juu ya jani la mabaka meupe lapotea, hulioni mpaka uinamie. Zambarau ya giza au mvinyo juu ya ukingo wa krimu yaruka machoni kutoka mlangoni. Pinki juu ya jani lenye pinki ukingoni ni kama mtu amevaa leso na kilemba vya doti moja. Mie huchagua jani kwanza ndio nitizame ua, ua laja na kwenda, jani waishi nalo miezi kumi na mbili.

Saizi nayo usiidharau. Ndogo kabisa ni za upana wa chini ya sentimita 15, zinazofuata ni 15 hadi 20, za kawaida 20 hadi 40, na kuna kubwa zaidi ya hapo. Kwa nyumba za kwetu hizi za 15 hadi 20 ndizo ningemwambia mtu aanze nazo, yaenea kwa ukingo wa dirisha, na joto likizidi wazibeba tano kwa sinia moja wazipeleka chumba chenye nafuu. Ndogo kabisa kwa kopo la sentimita tano na feni imefunguliwa usiku kucha, asubuhi udongo umekauka. Ukisaka majina onlaini, yaliyoanza na Rob's ni ya Ralph Robinson wa jimbo la New York na nyingi ni ndogo ndogo, yaliyoanza na LE- ni ya Elena Lebetskaya wa Ukraine, maua makubwa ya kifahari, hizo sikushauri uanze nazo. Optimara za familia ya Holtkamp zimezalishwa kwa biashara, kwa hivyo ni ngumu, zavumilia. Kuagiza kutoka nje ya nchi yataka kibali cha KEPHIS, shirika la serikali la kukagua mimea, na cheti cha afya ya mmea, hata kama ni jani moja kwa bahasha, usijaribu njia ya mkato.

Ukishika mmea mkononi kabla hujalipa, geuza kopo polepole. Tizama katikati, yale majani machanga yakiwa yamebanana, magumu, ya kijivu kijivu na manyoya yamezidi, huyo ni utitiri na ataingia kwa zako zote. Chini ya majani penye shingo pakiwa na kitu kama pamba, wacha. Gusa shingo kwa kidole, iwe ngumu. Ikibonyea imeshaoza kwa ndani hata kama juu yatoa ua. Na iwe na kitovu kimoja, yaani pale katikati majani yanapotokea, ikiwa na vitatu vinne umbo litavurugika, ingawa ukiwa na mkono mzuri waweza kuvitenga ukapata mimea mitatu kwa bei ya mmoja.

Ukishafika nyumbani mabaka yalindwa kwa vitu vitatu, mwanga, mbolea na maji. Mwanga uwe mwingi lakini usiwe jua lenyewe, majani yenye weupe yataka mwanga zaidi ya yale ya kijani. Dirisha la mashariki ndilo bora, jua la asubuhi mpaka saa mbili haliumizi. Kwetu jua lahama, Juni na Julai laja upande wa kaskazini na Desemba na Januari upande wa kusini, kwa hivyo dirisha lililokuwa salama mwezi wa nne laweza kuchoma mwezi wa sita, pitisha mkono pale saa sita mchana uone. Mbolea usiweke CAN wala yurea, naitrojeni nyingi yaongeza kijani na mabaka yaenda, tafuta ya maji yenye naitrojeni kidogo na uipunguze iwe robo ya kipimo kilichoandikwa.

Maji ndiyo yaliniua mimea sita. Nilikuwa natumia ya kisima, na visima vingi vya kisiwani mwajua ladha yake ya chumvi. Mwanzoni sikuona kitu, halafu ukingo wa chungu ukaota unga mweupe mgumu, na kila kikonyo cha jani kilipoegemea pale kikawa cha rangi ya kahawia, kikalainika, jani likaanguka bado likiwa zima. Jani moja leo, mawili wiki ijayo. Sasa nakinga ya mvua kwa mapipa, ikiisha nachukua yanayodondoka kutoka kwa AC, na nimeacha vyungu vya udongo natumia makopo ya plastiki. Nyweshea kutoka chini, weka kopo kwa sahani ya maji nusu saa kisha mwaga yaliyobaki. Udongo wangu ni usumba wa makumbi ya nazi na vipande vya mkaa na perlaiti, vile vijiwe vyeupe vyepesi, na huo usumba uoshe mara tatu nne kwa maji matamu kwanza, manake nao huja na chumvi yake.

Ukitaka kuzalisha ya mabaka, kata jani mwezi wa sita au wa saba ili watoto wakue kabla ya kaskazi. Usichague jani jeupe kuliko yote ingawa ndilo linalokuvutia, chukua lenye kijani cha kutosha, acha kikonyo cha sentimita tatu, kata kwa mshazari, chomeka kwa usumba wenye unyevu na ufunike kwa mfuko wa plastiki. Mizizi huchukua kama mwezi, watoto miezi miwili mitatu. Wakichungulia wengine watakuwa weupe kabisa na utaingiwa na tamaa ya kuwahamisha haraka uone vile watakuwa. Waache kwa mama yao. Yeye ndiye anawalisha mpaka washike kijani, na ukiwatenga mapema wafa wote. Wakifika upana wa sarafu ya shilingi kumi na kijani kimeonekana kwa kila jani, hapo chukua kijiko uwatoe mmoja mmoja, kila mmoja na kopo lake.